Bosi wa lazima na bosi wa hiari: nani wa kupigana naye na nani wa kumpita kwenye Elden Ring

Ujumbe ulitufikia studio kutoka kwa kijana wa Mnyambe, wilayani Newala. Aliandika hivi: "Watangazaji wetu, shikamooni. Mimi na mdogo wangu tunacheza gemu ya Elden Ring kwenye kibanda cha Newala mjini. Hii ni Jumamosi ya tatu tunapigwa na yule wa farasi mwenye mavazi ya dhahabu. Tunalipa kwa saa na hela ya korosho inaisha. Mdogo wangu anasema tumpite, mimi nasema bosi hapitwi. Nani yuko sahihi?"

Marahaba, kijana wetu. Jibu fupi ni hili: mdogo wako yuko sahihi. Jibu refu ndilo makala haya, kwa sababu swali lako si la gemu moja tu. Wapo wengi wanaoacha gemu nzuri katikati kwa sababu wamekwama kwa adui ambaye hakuna aliyewalazimisha kupigana naye. Wapo pia wanaompita kila mtu, kisha wakifika mbele wanashangaa mbona hawana nguvu.

Gemu yenyewe ni ipi?

Elden Ring imetengenezwa na kampuni ya FromSoftware ya Japani, chini ya uongozi wa Hidetaka Miyazaki. Msingi wa historia ya dunia yake uliandikwa na George R. R. Martin, mwandishi wa riwaya wa Marekani. Ilitoka tarehe 25 Februari 2022 kwa ajili ya PS4, PS5, Xbox na kompyuta. Mwaka huohuo ilichukua tuzo ya gemu bora ya mwaka katika The Game Awards. Ndani ya mwaka mmoja zilikuwa zimeuzwa nakala zaidi ya milioni 20.

Mchezaji anakuwa mtu aliyefukuzwa zamani, sasa amerudi katika nchi iliyovunjika ili aunganishe pete iliyopasuka na awe mtawala. Nchi hiyo ni pana, ina misitu, ngome, mapango, makaburi na milima ya theluji, na unaweza kwenda karibu kokote kwa mpangilio unaoutaka. Haina sehemu ya kuchagua urahisi au ugumu. Wote tunapigwa na adui wale wale.

Ukiua adui unapata runi. Runi ndiyo hela ya kununulia vitu, na ndiyo hiyo hiyo unayolipia kupandisha nguvu za mhusika wako. Ukifa, runi zako zinabaki pale ulipofia. Una nafasi moja ya kurudi kuziokota. Ukifa tena njiani kabla ya kuzifikia, zimekwenda. Ndiyo maana kupigana na mtu usiyemhitaji kuna gharama: unapoteza muda, unapoteza runi, na kibandani unapoteza na hela ya mfukoni.

"Lazima" maana yake nini?

Bosi, kwa lugha ya wachezaji, ni adui mkubwa mwenye jina lake, ambaye mstari wa uhai wake unaonekana chini ya kioo. Elden Ring ina mapambano ya mabosi zaidi ya 150. Ukisikia hesabu hiyo unaweza kukata tamaa. Lakini wanaokuzuia kabisa kumaliza hadithi hawazidi sana 10.

Tuchukue mfano wa safari. Ukitoka Masasi kwenda Newala, kuna jambo moja hutalikwepa: kupanda kwenye uwanda wa juu wa Makonde. Gari liwe jipya au bovu, uwe na haraka au usiwe nayo, mlima utaupanda. Lakini kusimama njiani kununua mihogo, kumsalimia shangazi, au kupita sokoni, hayo ni hiari yako. Yanaweza kuifanya safari iwe bora, ila usipoyafanya Newala utafika.

Bosi wa lazima ni ule mlima. Bosi wa hiari ni kituo cha njiani. Kwa hiyo anaitwa wa lazima kwa sababu ya mahali aliposimama, hata kama si mkali. Kuna wa lazima wepesi na kuna wa hiari wanaotisha kuliko wote. Anayechanganya ukubwa na ulazima ndiye anayekwama.

Babu zetu walilijua jambo hili

Kabla ya PlayStation, hadithi za Kiswahili zilikuwa na mabosi wake. Mwaka 1870 Edward Steere, mmisionari wa Kiingereza aliyekusanya hadithi Zanzibar, alichapisha kitabu cha hadithi za Waswahili. Steere huyo ndiye aliyekuja kuwa askofu, na mwaka 1876 aliongoza kundi la watu walioachiliwa kutoka utumwani hadi Masasi yetu hii, wakaanzisha makazi.

Katika kitabu hicho imo hadithi ya Sultani Majnuni na nunda mla watu. Paka wa Sultani alianza kula kuku, akahamia mifugo mikubwa, kisha watu, hadi wana wa Sultani mwenyewe. Mwana mdogo akaapa kumtafuta nunda amuue, lakini hakujua nunda anafananaje. Akaua mbwa, akarudi kwa mama yake akidhani kazi imekwisha. Mama akamwambia siye. Akaua ngawa, siye. Akaua punda milia, akaua twiga, akaua kifaru, akaua ndovu. Kila mara anarudi kwa furaha, na kila mara mama anamweleza kuwa nunda si huyo. Mwishoni akampata nunda mwenyewe mlimani, akamuua.

Tazameni vizuri. Adui wa lazima alikuwa mmoja tu: nunda. Wale wengine wote walikuwa wa hiari, na kijana hakujua kuwatofautisha. Hata hivyo hakupoteza kila kitu, maana aliyeanza kwa kuua mbwa alifika mlimani akiwa mtu aliyekwisha kumwangusha ndovu. Hapo ndipo penye funzo la makala haya: wa hiari hawakuzuii njia, ila ndio wanaokukomaza.

Mabosi wa lazima kwenye Elden Ring

Tuwapange kwa mpangilio wa safari. Majina tunayaacha kama yanavyoonekana kwenye kioo ili muyatambue.

Kwanza, wawili kati ya wenye Runi Kuu. Mji mkuu wa Leyndell haukupokei mpaka uwe na Runi Kuu mbili. Zinashikwa na watawala wakubwa, na gemu inakuachia uchague uwapige wapi. Wanaopigwa na wengi ni Godrick, kwenye ngome ya Stormveil, na Rennala, kwenye chuo cha wachawi cha Raya Lucaria. Lakini unaweza kumwacha mmoja wao ukamchukua Radahn au Rykard badala yake. Hapa lazima ni idadi. Jina unachagua mwenyewe.

Pili, ndani ya Leyndell, kivuli cha dhahabu cha Godfrey, halafu Morgott.

Tatu, kwenye milima ya theluji, Fire Giant, yaani lile jitu la moto.

Nne, kwenye magofu yanayoelea angani ya Farum Azula, Godskin Duo ambao ni wawili kwa mpigo, kisha Maliketh.

Tano, ukirudi mji mkuu uliofunikwa na majivu: Gideon, kisha Godfrey mwenyewe, ambaye katikati ya pambano anabadilika na kujiita Hoarah Loux.

Mwisho, Radagon, na akianguka anafuata Elden Beast papo hapo bila kupumzika.

Ukihesabu Radagon na Elden Beast kama pambano moja, jumla ni mapambano 10. Hayo ndiyo mlima wa kwenda Newala. Kwa mchezaji wa kawaida, mengine yote ni vituo vya njiani.

Wanaoonekana wa lazima kumbe sivyo

Hapa ndipo tulipo na kijana wetu wa Mnyambe. Adui anayewapiga anaitwa Tree Sentinel. Amepanda farasi, amevaa dhahabu mwili mzima, na anazunguka katikati ya njia mara tu unapotoka nje kwa mara ya kwanza. Mtu mpya akimwona hudhani ndiye mlango wa gemu. Kumbe ni wa hiari kabisa. Uwanja ni mpana, na unaweza kumzunguka kwa mbali, ukapita kwenye miti, ukaendelea na safari.

Hata bosi wa kwanza kabisa, Grafted Scion, yule mwenye mikono mingi kwenye kanisa unapoanzia, si lazima umshinde. Akikuua, hadithi inaendelea vilevile. Watu wengi hupigwa naye na hawajakosea kitu.

Mwingine ni Margit. Anasimama mbele ya ngome ya Stormveil na maneno mengi ya kukutisha. Wachezaji wengi duniani walikwama kwake wiki nzima. Lakini pembeni ya ngome ipo njia ya kwenye ukingo wa mwamba inayokupeleka nyuma yake hadi eneo la Liurnia. Ukiitumia, humwoni Margit wala Godrick, nawe bado unaweza kupata Runi Kuu mbili kwingine.

Kupanda kwenye uwanda wa Altus nako kuna njia zaidi ya moja. Unaweza kutafuta vipande viwili vya medali, kimoja kiko Fort Haight na kingine Fort Faroth, ukapandishwa na lifti kubwa ya Dectus. Au unaweza kupita bondeni kwenye magofu na kukutana na joka linaloitwa Magma Wyrm Makar. Mwenye vipande vya medali hamhitaji Makar. Asiye navyo anaweza kupitia kwa Makar.

Wa hiari mkali kuliko wote

Ukiwauliza waliomaliza gemu hii ni nani aliyewasumbua zaidi, wengi watamtaja Malenia. Na Malenia si wa lazima. Ili kumfikia unahitaji vipande viwili vya medali ya siri, kimoja kikiwa kwenye kijiji kilichoharibiwa na kingine kwenye ngome ya milimani yenye bosi wake. Baada ya hapo kuna nyika ya theluji, mji wenye fumbo la kuwasha taa nne, na mti mkubwa wa kushuka tawi kwa tawi. Hakuna anayefika kwake kwa bahati mbaya.

Ugumu wake una sababu. Kila anapokupiga, anajiponya. Hata ukikinga kwa ngao, bado uhai wake unapanda. Kwa hiyo mbinu ya kukinga na kusubiri, iliyokusaidia kwa wengine, kwake inakuumiza. Ukimwangusha mara ya kwanza, anainuka tena akiwa na mabawa na uhai mwingine.

Mwaka 2022 mchezaji mmoja alipata umaarufu duniani kwa sababu ya bosi huyu. Jina lake la gemu ni Let Me Solo Her, na mhusika wake alikuwa karibu uchi, chungu kichwani, panga mbili mikononi. Alijitolea kuingia kwenye gemu za watu waliokwama, akampiga Malenia peke yake huku wenyewe wakitazama. Alimshinda zaidi ya mara 1,000, na kampuni ya Bandai Namco, inayosambaza gemu hiyo, ikamtumia upanga wa kweli kama zawadi. Umaarufu wote huo ulitokana na bosi ambaye mtu anaweza kumaliza gemu bila kumwona hata mara moja.

Hiari inapogeuka lazima

Sasa tuwe waangalifu, kwa maana neno "hiari" linategemea unakwenda wapi. Anayeishia Masasi hana haja ya kuupanda uwanda, ila akibadili mawazo na kutaka kufika Newala, mlima unakuwa wake.

Radahn ni mfano mzuri. Kwa anayetaka kumaliza hadithi ya kawaida, Radahn ni wa hiari. Lakini gemu ina miisho zaidi ya mmoja. Ukitaka mwisho wa Ranni, yule binti mchawi wa rangi ya buluu, lazima Radahn aanguke, kwa sababu kifo chake ndicho kinachoachilia nyota zianguke na kufungua njia ya kwenda mji wa chini ya ardhi. Huko mbele utamkuta Astel, naye kwa njia hiyo hapitwi.

Kisha tarehe 21 Juni 2024 likatoka ongezeko la gemu linaloitwa Shadow of the Erdtree, linalonunuliwa peke yake. Ili uingie humo, ni lazima uwe umewashinda Radahn na Mohg. Watu waliowaruka mabosi hao wawili miaka miwili nyuma ilibidi warudi kuwatafuta.

Kwa hiyo kabla hujauliza "bosi huyu ni lazima?", jiulize kwanza, "mimi nataka kufika wapi?"

Basi kwa nini tusiwapite wote wa hiari?

Kwa sababu utafika kwa Fire Giant ukiwa mwepesi kama karatasi. Mabosi 10 wa lazima wamepangwa kwa kudhani kwamba njiani umeingia mapango, umepata runi, umeboresha silaha na umejifunza kukwepa. Wa hiari ndio wanaotoa hayo. Mmoja anakuachia silaha, mwingine anakuachia roho ya kukusaidia vitani, mwingine analinda mawe ya kunolea upanga.

Pia bosi wa hiari ana hisani ambayo wa lazima hana. Unaweza kumjaribu, ukaona hapana, ukaondoka, ukamrudia baada ya wiki ukiwa na nguvu mara mbili. Wa lazima akikushinda, utamrudia yeye yule, ingawa hata hapo unaweza kwenda kwanza kuimarisha nguvu kwingine.

Jinsi ya kutambua bila kuuliza intaneti

Si kila wakati una bando la kutafuta majibu mtandaoni. Gemu yenyewe inatoa dalili.

Adui uliyemkuta uwanjani, pasipo ukuta wa ukungu, na ambaye unaweza kumkimbia, chukulia kuwa ni wa hiari.

Bosi aliye mwisho wa pango, mgodi au makaburi ya chini ya ardhi ni wa hiari. Sehemu hizo hazina njia ya kuendelea mbele. Zina zawadi, kisha unarudi ulikotoka.

Kwenye vituo vya mwanga vya kupumzikia, angalia miale myembamba ya dhahabu inayoelekea upande fulani. Inakuonyesha njia kuu ya hadithi. Ukipotea, ifuate. Ila kumbuka kuwa inakuelekeza hata kwa Margit na Godrick, ambao tumeona wanaweza kuzungukwa. Ichukue kama ushauri.

Na ukipigwa mapigo mawili ukafa, wakati mapigo yako 20 hayajapunguza hata robo ya uhai wake, hapo gemu inakwambia bado hujafika wakati wa kukutana na huyu.

Na sisi tunaocheza kwenye simu?

Tuseme wazi: gemu ya 2022 tunayoizungumzia ilitolewa kwa PlayStation, Xbox na kompyuta. Faili zake ni makumi ya GB. Ukiona mtu anakutumia kiungo cha "Elden Ring ya simu" chenye MB chache, usikifungue. Unaweza kuingiza programu ya wizi kwenye simu yenye hela zako.

Lakini somo la lazima na hiari limo hata kwenye gemu za simu. Shadow Fight 2 ya kampuni ya Nekki inajulikana na wengi, na sehemu kubwa yake huchezwa bila intaneti. Humo kila pepo mkuu, kama Lynx, Hermit au Butcher, ana walinzi wake watano. Hao huwezi kuwaruka: unawapiga walinzi mmoja mmoja, ndipo unamfikia mkubwa wao. Pembeni kuna mashindano na mapigano ya kuvumilia, nayo hayazuii hadithi. Ila ndiko zinakotoka hela za kununulia silaha na mavazi. Mchezaji anayekwama kwa Butcher mara nyingi tatizo lake liko kwenye silaha, na dawa yake iko kwenye yale mapigano ya pembeni aliyoyadharau.

Ushauri kwa wanaolipa kwa saa

Kwa wanaocheza kibandani, tunaongeza mambo matano.

Moja, tengenezeni mhusika wenu wenyewe na mkumbuke jina lake. Gemu ina nafasi 10 za wahusika. Mkifungua, msibonyeze tu kuendelea, kwa sababu inafungua aliyechezwa mwisho, na huyo anaweza kuwa wa mteja mwingine. Ingieni kwenye orodha mchague wa kwenu.

Mbili, gemu inajihifadhi yenyewe mara kwa mara, kwa hiyo hakuna kurudi nyuma kurekebisha kosa. Mkimaliza, tokeni kupitia menyu. Msimwachie mwenye kibanda azime swichi ukutani.

Tatu, amueni kabla ya kulipa: leo tunakwenda wapi? Saa moja yenye lengo ni bora kuliko saa tatu za hasira.

Nne, wekeni kikomo. Sisi tunapendekeza mara tano kwa bosi wa hiari. Mkifa mara tano na hamwoni mabadiliko, tokeni mkatafute nguvu kwingine. Kwa bosi wa lazima, jaribuni kwanza kumjua: hamwendi kumpiga, mnakwepa tu mpaka mjue kila pigo lake linaanzaje.

Tano, tumieni runi zenu kabla ya kuingia kwa bosi yeyote. Runi uliyokwisha kuitumia haiwezi kuanguka.

Turudi Mnyambe

Kijana wetu, sasa tukupe ambalo huenda hukulijua. Wewe na mdogo wako mmekaa Jumamosi tatu kwa Tree Sentinel, na inawezekana kabisa hata njia ya kupandisha nguvu hamjaipata bado. Mwanzoni huwezi kupandisha nguvu. Ni mpaka upite mbele, upumzike kwenye vituo kadhaa vya mwanga vya huko nje, ndipo anapokutokea msichana anayeitwa Melina. Yeye ndiye anayegeuza runi zako kuwa nguvu, na ndiye anayekupa farasi, Torrent. Baada ya kupata farasi, rudini usiku kwenye kanisa bovu la Elleh lililo pale karibu, kuna mtu atawapa kengele ya kuitia roho za kuwasaidia vitani.

Maana yake ni kwamba mmekuwa mkipigana kwa miguu na mtu aliyepanda farasi, bila nguvu mpya, wakati farasi wenu yuko mbele akiwasubiri. Na hata mngemshinda, angewaachia Golden Halberd, silaha nzito inayotaka nguvu ambazo mhusika mpya hana.

Kwa hiyo Jumamosi ijayo mpe mdogo wako padi. Mpiteni Tree Sentinel kwa mbali, fuateni mwanga, mchukueni Torrent, ingieni mapango mawili matatu, pandisheni nguvu. Kisha siku mkijisikia, rudini kwake mkiwa juu ya farasi. Mkimshinda siku hiyo, ushindi utakuwa wenu wote wawili: wako wewe uliyekataa kumsahau, na wa mdogo wako aliyejua kwamba kumpita mtu leo si kumkimbia.

Nasi mtuandikie mtuambie imekuwaje. Wasikilizaji wengine, kama kuna bosi anayekula hela zenu za mwisho wa wiki, tutumieni jina lake. Tutawaambia kama ni nunda, au ni ngawa tu.